Kutoka Lido hadi via Teulada: mstari wa kabare ulivyoingia kwenye runinga ya Italia

Kisa hiki kilianzia kwenye ukumbi wa chakula cha usiku mjini Paris kikaishia sebuleni mwa familia za Italia, na katikati ya safari hiyo kundi la wacheza shoo lililozoea kupanga wasichana wengi katika mstari mmoja likawa linakumbukwa zaidi kwa wasichana wawili. Kundi lenyewe ni Bluebell Girls, lililoanzishwa mwaka 1932 na Margaret Kelly; wasichana hao wawili ni mapacha Alice na Ellen Kessler; shirika lililowapokea ni RAI, televisheni ya umma ya Italia; na mwaka tunaoutazama ni 1961. Ninachotaka kuonyesha ni kwamba kabare haikuhamia runingani kama mtu anavyohama na vyombo vyake. Ilivuliwa mlangoni karibu kila kitu ilichojivunia jukwaani, yaani wingi wa watu, rangi, manyoya na ngozi, ikabakiwa na ulinganifu wa miili tu, na ulinganifu huo ndio ambao kioo kidogo kiliweza kuubeba.

Kundi na sheria zake

Kelly alizaliwa Dublin mwaka 1910, akalelewa na mwanamke ambaye hakuwa mama yake mzazi, na akakulia Liverpool. Bluebell ni jina la ua la porini la rangi ya samawati, na alipewa na daktari akiwa mtoto kwa sababu ya macho yake. Kwa kuwa miguu yake ilikuwa dhaifu alipelekwa kujifunza dansi ili ipate nguvu, na kabla hajafikisha miaka 20 alikuwa ameshacheza Berlin na kundi la Kiingereza la Alfred Jackson. Kutoka huko alifika ukumbi wa Folies Bergère wa Paris, akaunda kundi lake akiwa na miaka 22. Wakati wa vita Wajerumani walimfunga kwa muda katika kambi ya Besançon, kisha alipoachiwa alimficha mumewe, Marcel Leibovici, mwanamuziki Myahudi aliyekuwa akisakwa. Nayataja haya kwa sababu watu walioshangaa ukali wake wa mazoezi mara nyingi walisahau kwamba mama huyu alikuwa amekwisha kupita mahali ambapo kukosea hatua moja kulimgharimu mtu uhai.

Mwishoni mwa miaka ya 1940 kundi lilipata makao Lido, kwenye barabara ya Champs-Élysées, ukumbi ambao ndugu wawili wa ukoo wa Clerico waliununua mwaka 1946 na kuugeuza kuwa mahali pa kula huku shoo ikiendelea mbele ya meza. Mpangilio huo una maana kubwa kwa uchambuzi wetu. Mteja wa Lido hakukaa gizani kimya kama mtu wa opera. Alikuwa na kisu na uma mkononi, chupa ya shampeni mezani, na jirani wa kuzungumza naye. Shoo ilibidi iwe kubwa kiasi cha kumnyamazisha, na ndiyo maana jukwaa lilikuwa na mitambo ya kupanda na kushuka, barafu ya kuteleza na maji, na ndiyo maana pia Kelly alitaka wasichana warefu, wa takriban sentimita 175 na kuendelea. Ukiwavisha viatu vya visigino na kilemba cha manyoya ya mbuni, msichana wa namna hiyo anakaribia mita mbili na nusu, na wenzake 15 wa kimo kilekile wakisimama kando yake wanakuwa ukuta unaotembea.

Sheria ya mstari ni moja: asionekane mtu. Anayerusha mguu juu zaidi ya wenzake ameharibu sawasawa na anayeshindwa kuufikisha. Msomaji wa Pwani aliyewahi kuona akina mama wa lelemama wakiwa ndani ya sare, wakisogea taratibu bega kwa bega, ataielewa sheria hiyo bila kufundishwa, ingawa mwendo wa Paris ulikuwa wa kasi na wa kujionyesha. Kelly aliongeza masharti ya nidhamu nje ya jukwaa. Wasichana wake hawakuruhusiwa kukaa na wateja baada ya shoo, na ingawa katika shoo hiyohiyo walitokea pia wanawake wenye vifua wazi, aliweka mpaka ulioeleweka kati yao na wachezaji waliovaa.

Alice na Ellen waliingia kwenye utaratibu huo mwaka 1955. Walikuwa wamezaliwa mwaka 1936 Nerchau, karibu na Leipzig, wakajifunza dansi katika kundi la watoto la opera ya Leipzig, na mwaka 1952 wazazi wao wakaondoka nao Ujerumani Mashariki. Kelly aliwaona Düsseldorf, akawachukua Lido, na wakakaa huko hadi 1960. Mwaka 1959 waliiwakilisha Ujerumani Magharibi katika mashindano ya nyimbo ya Eurovision huko Cannes, wakashika nafasi ya nane. Hayakuwa matokeo ya kutangaza mtaani, lakini yalikuwa yamewaweka tayari mbele ya kamera.

Tatizo la kwanza: hesabu ya fremu

Wengi wanapoeleza ugumu wa kuingiza kabare kwenye runinga ya wakati huo hukimbilia suala la maadili. Mimi ningeanza na rula.

Tuchukue mstari wa wasichana 16, kila mmoja akikalia nafasi ya sentimita 60 hivi. Urefu wa mstari huo unakaribia mita 10. Picha ya televisheni ya siku hizo ilikuwa na upana wa nne kwa kimo cha tatu, kwa hiyo kamera inayotaka kuuonyesha mstari wote inalazimika kuchukua eneo lenye upana wa mita 10 na kimo cha mita saba na nusu. Ndani ya eneo hilo, msichana wa sentimita 175 anajaza chini ya robo ya kimo cha picha. Kwenye seti ya nyumbani yenye kioo cha kimo cha sentimita 32, anabaki na sentimita saba na kidogo, na kichwa chake hakifiki sentimita moja. Ule ukuta uliomnyamazisha mlevi wa Champs-Élysées umekuwa safu ya njiti za kiberiti.

Mwongozaji anaweza kuijibu hesabu hiyo kwa kusogeza kamera karibu, lakini akisogea anaukata mstari, na mstari uliokatwa si mstari tena. Anabaki na wasichana watatu au wanne ambao mtazamaji hajui kama wenzao wako pamoja nao au wamechelewa. Anaweza pia kuiinua kamera juu na kuwapiga kutoka darini ili wawe maua na magurudumu, jinsi filamu za Marekani zilivyofanya miaka ya 1930. Kwenye skrini ya sinema mbinu hiyo ilipendeza, lakini kwenye kioo cha sebuleni umbo lilibaki dogo vilevile.

Antonello Falqui, mwongozaji wa vipindi vya burudani wa RAI, alipata jibu ambalo ninaliona kuwa kiini cha kisa chote. Aliwachukua watu wawili ambao tayari ni mstari. Mapacha wa kufanana, wenye kimo kimoja, nywele za rangi moja na miaka mitano ya nidhamu ya Lido, wanatoshea ndani ya eneo lenye upana wa mita tatu. Kimo cha eneo hilo ni mita mbili na robo, kwa hiyo kila mmoja anajaza zaidi ya robo tatu ya picha. Kwenye kioo kilekile cha sentimita 32 sasa ana sentimita 25. Sheria ya asionekane mtu haikuvunjwa, kwa sababu hata ukimtazama mmoja usoni unaona uso uleule wa mwenzake. Jukwaani ilihitajika safu ya watu 16 ili mtazamaji aamini kwamba miili tofauti inaweza kuwa mwili mmoja. Maumbile yalikuwa yameshaifanya kazi hiyo kwa Alice na Ellen kabla hawajazaliwa.

Bluebell wengine hawakuachwa nje. Walionekana katika Studio Uno, kipindi cha Jumamosi usiku kilichoanza tarehe 21 Oktoba 1961, lakini kazi yao ilibadilika wakawa mandhari hai nyuma ya wawili wale. Mandhari nyingine haikuwepo sana. Kipindi kilipigwa katika jengo la RAI la via Teulada mjini Roma, na mapambo ya Carlo Cesarini da Senigallia yaliacha sehemu kubwa ya studio ikiwa nyeupe na tupu, mara nyingine hata kamera na taa zikiachwa zionekane. Kwa mtu aliyezoea ngazi za dhahabu za Lido huo ulikuwa ufukara. Kwa kamera ya siku hizo, iliyoijenga picha yake kwa mistari 625 tu, ulikuwa ukarimu, kwa sababu kila kitu kilichoondolewa nyuma kilimfanya mchezaji aliye mbele asomeke vizuri zaidi.

Tatizo la pili: taiti nyeusi

RAI ilikuwa imeanza matangazo ya kawaida ya televisheni tarehe 3 Januari 1954, na tangu mwanzo viongozi wake walitoka katika mazingira ya Kikatoliki na chama cha Demokrasia ya Kikristo. Mkurugenzi mkuu aliyeingia Januari 1961, Ettore Bernabei, alikuwa amewahi kuhariri gazeti la chama hicho. Watazamaji nao hawakuwa watu wa shampeni. Familia nyingi hazikuwa bado na seti, kwa hiyo watu walikusanyika kwa jirani, kwenye baa ya kijiji au kwenye ukumbi wa parokia, bibi na mjukuu kwenye benchi moja.

Kulikuwa na kumbukumbu mbaya pia. Mwaka 1956, katika kipindi kilichoitwa La piazzetta, mchezaji Alba Arnova alitokea na vazi la kubana la rangi ya ngozi. Ndani ya studio kila mtu aliona kitambaa. Kwenye picha ya nyeusi na nyeupe tofauti kati ya kitambaa na ngozi ilitoweka, na nchi ikaona mwanamke uchi. Kelele zilizofuata zilimgharimu nafasi yake. Ninaomba msomaji akitazame kisa hicho kwa jicho la fundi kabla ya kukitazama kwa jicho la padri: kosa halikuwa vazi fupi, lilikuwa rangi mbili ambazo kamera haikuweza kuzitenganisha.

Ukielewa hilo, uamuzi wa kuwavalisha mapacha wa Kessler taiti nyeusi nzito, zisizopitisha mwanga, hauonekani tena kuwa adhabu tupu iliyoshushwa na wachunga maadili. Ulikuwa adhabu, hilo sikatai. Walioamua walitaka kufunika, na walifunika. Ila angalia kilichotokea kwenye kioo. Mguu wa ngozi tupu mbele ya ukuta mweupe unafifia kingo zake, hasa pale mapokezi yanapokuwa mabaya na picha ina chengachenga. Mguu uliovikwa nyeusi mbele ya ukuta huohuo unakatwa kama uliochorwa kwa wino. Goti linapokunjwa unaona pembe yake, na kisigino kinapogusa sakafu unaona kimegusa wakati gani. Miguu minne inayokwenda kwa hatua moja inakuwa mchoro unaosomeka hadi benchi la mwisho la ukumbi wa parokia. Walioagiza taiti walikusudia miguu isionekane, na kwa amri hiyohiyo wakaifanya ionekane kuliko miguu yoyote iliyopata kupita kwenye runinga yao. Waitalia wakaiita miguu ya taifa.

Sidhani kwamba aliyekata shauri alilipanga hivyo, na ningeshuku maelezo yoyote yanayodai kwamba Falqui alikuwa na akili ya kuwazunguka wakubwa. Mara nyingi vizuizi vya ofisini huleta kazi mbovu, na kwa kila taiti iliyofaulu yako maneno, vichekesho na nyimbo zilizofutwa bila faida yoyote kwa mtu. Hapa kizuizi na chombo viligongana kwa bahati, na waliokuwa studioni walikuwa na macho ya kuiona bahati hiyo wakaifuata hadi kwenye mavazi na mwanga.

Kuna jambo dogo la kando ambalo huwa linanichekesha. Italia ilianza rasmi televisheni ya rangi Februari 1977. Zanzibar ilikuwa imeanza ya kwake, ya rangi, mwaka 1973. Laiti kundi la Lido lingealikwa Unguja, manyoya yangeonekana kwa rangi zake mapema zaidi kuliko Roma, ingawa sina hakika kwamba taiti zingetosha.

Tatizo la tatu: Jumamosi inakuja tena

Shoo ya Lido ilitengenezwa kwa gharama kubwa ikachezwa usiku baada ya usiku, mwaka na zaidi, kwa sababu wateja ndio waliobadilika. Runingani mambo yaligeuka. Mtazamaji ni yuleyule kila Jumamosi, na dansi iliyochezwa jana nchi nzima imekwisha kuiona. Mchezaji wa kabare ambaye ubora wake unatokana na kurudia hatua moja mara mamia hana wiki za kufikia ubora huo.

Mzigo huo ulimwangukia Don Lurio, Mmarekani aliyezaliwa New York, ambaye alikuwa ametunga dansi za mapacha hao katika Giardino d'inverno, kipindi cha Falqui kilichoanza Januari 1961 na kilichokuwa jaribio la kwanza la mtindo huu. Lurio alikuwa mwanamume mfupi, mwepesi na mcheshi, na alijitia mwenyewe ndani ya picha. Akisimama katikati ya wasichana wawili warefu, tofauti ya kimo ilileta kicheko kabla hata muziki haujaanza. Mstari wa kabare hauvumilii kicheko cha namna hiyo. Sebule inakihitaji, kwa sababu kinampa ruhusa bibi aliyekaa na wajukuu kuendelea kutazama.

Njaa ya vitu vipya ilipunguzwa pia na wimbo wa utambulisho. Da-da-un-pa, ambao mapacha waliuimba na kuucheza katika Studio Uno ya 1961, ulirudiwa wiki baada ya wiki, na jina lake lenyewe ni sauti zisizo na maana ambazo mtoto anaweza kuzishika kwa mara moja. Katika kipindi ambacho kila kitu kilibidi kiwe kipya, hapo ndipo pekee palipobaki mahali pa kurudia, na ndipo usahihi wa Lido ulipojificha. Wasanii wangeweza kuunoa wimbo huo hadi ukang'aa, na watazamaji wangeweza kuujua kiasi cha kuungoja.

Gharama

Matokeo kwa Alice na Ellen yanajulikana. Walirudi Studio Uno mwaka 1965, wakawa miongoni mwa watangazaji wa Canzonissima, kipindi cha RAI cha mashindano ya nyimbo, mwaka 1969 pamoja na Johnny Dorelli na Raimondo Vianello, na kati ya miaka hiyo wakaingia katika michezo ya kuigiza yenye muziki ya waandishi Garinei na Giovannini jijini Roma. Yaani runinga iliwarudisha jukwaani, safari hii kwa majina yao.

Hapo ndipo ninapoona gharama ambayo wanaosimulia kisa hiki kwa furaha huiruka. Jukwaani Bluebell hakuwa na jina, lakini hata mwenzake hakuwa nalo. Malipo ya kufutwa sura yalikuwa ni kuwa sehemu ya kitu kikubwa kuliko mtu yeyote. Runinga ilipochagua wawili wa kuwapiga karibu, waliobaki hawakupata jina wala hawakubaki na ule ukubwa. Walikuwa wamefunzwa miaka mingi kuwa ukuta, na sasa walitakiwa wawe pazia. Vipindi vilivyofuata katika nchi nyingi vilirithi mpangilio huo bila kuuliza: nyota mbele, wacheza shoo nyuma wakiwa nje kidogo ya fokasi, wakikatwa vichwa na kamera kila nyota anaposogea. Mtu akitaka kujua kwa nini wacheza shoo wa runinga hulipwa na kutajwa kama samani, aanzie kwenye studio hizi nyeupe.

Kelly hakulibadilisha kundi lake ili lifanane na runinga. Aliendelea kuchagua wasichana wake kwa futi ya kupimia, aliwapeleka hadi Las Vegas, ambako shoo ya Lido ilikuwa imefunguliwa kwenye hoteli ya Stardust tangu 1958, na aliishi Paris hadi alipofariki mwaka 2004 akiwa na miaka 94. Ukumbi wa Lido wenyewe ulihama mwaka 1977 hadi jengo kubwa zaidi kwenye barabara ileile. Mwaka 2022 wamiliki wake wapya, kampuni ya hoteli ya Accor, waliamua kuifuta shoo ya chakula cha usiku na kuugeuza ukumbi kuwa wa michezo ya muziki, na wachezaji wakaondoka na mabegi yao. Studio Uno ya 1961 bado inarushwa Italia mara kwa mara, kwa vipande vya dakika mbili au tatu, taiti zikiwa nyeusi tii na ukuta wa nyuma ukiwa mweupe.